Sauti ya Chumba

Kazi yangu ni masikio.
Jussara hushika kamera, mimi hushika ufito
wenye kipaza sauti kilichovishwa manyoya;
watoto wa Vargem do Sino walikibatiza jina: Paka.

Tulifika mwezi wa kumi na nne tangu tope.
Barabara ilikuwa imefagiliwa. Ukutani mwa kanisa
mstari mwekundu ulipita juu ya vichwa vyetu,
umenyooka kama uliopigwa kwa rula,
na mtu alikuwa ameandika chini yake kwa chaki:
Tafadhali msipake rangi.

Bwawa la taka za mgodi lilipasuka saa sita na dakika ishirini,
wali ukiwa motoni, king'ora kikiwa kimya.
Sasa kampuni hukijaribu kila tarehe kumi.
Kikilia, mbwa hukimbilia mlimani
na watu huwafuata, ingawa wanajua.
Adelmo, fundi wa pikipiki, hupanda na kiatu kimoja.
"Siku ile," asema, "nilirudi kutafuta cha pili."
Hasemi zaidi, na Jussara hamsukumi.

Lakini Zulmira alimuuliza kuhusu ustahimilivu.
Aliuliza kwa upole, taa imepangwa vizuri.
Zulmira aliendelea kuchambua maharage.
"Neno lako hilo, binti, limevaa viatu vipya.
Halijapita hapa."
Kisha: "Sogeza taa yako. Siyaoni mawe."

Alhamisi hupika ukumbini.
Sufuria ni ileile, kipimo ni kilekile,
vikombe ishirini na viwili vya mchele,
na walaji wamebaki nusu.
Hakuna aliyethubutu kumwambia apunguze.
Kinachobakia hufungwa vitambaani,
Tarcísio na dada yake wakakipeleka bondeni
kwa wazima moto ambao bado wanachimba,
bado, kwa sababu majina manne hayajarudi.
La nne ni la mumewe.
Hakutuambia yeye. Niligundua kwa sikio:
bakuli la mwisho hulifunga mafundo mawili,
kitambaa kikilalamika.

Siku ya kuondoka niliomba ninachoomba kila mahali:
"Nyamazeni nusu dakika, nirekodi chumba."
Ni jambo la kifundi tu. Kila chumba kina ukimya wake,
na mhariri huuhitaji kuziba nyufa za maneno.
Sikueleza vizuri. Kosa langu.
Watu wote walisimama.
Adelmo akavua kofia.
Ivanildes akaishika meza kwa mikono miwili
kama meza ndiyo inayotaka kuanguka.

Nusu dakika ikapita. Nikashindwa kusema basi.
Nikasikia friji. Inzi. Maharage yakitokota.
Pumzi za watu ishirini na kitu, kila moja na njia yake,
na mbali, bondeni, mtambo wa kuchimba
ukirudi nyuma: tii, tii, tii.

Kisha tumbo la Tarcísio likanguruma,
ngurumo ndefu, pikipiki inayokataa kuwaka.
Adelmo, macho bado yamefumbwa:
"Hiyo ni kabureta."

Zulmira ndiye aliyeanza. Alicheka hadi akakaa,
akacheka ndani ya aproni, mabega yakimruka,
na kwa muda hatukujua ni kicheko au ni kile kingine,
mpaka akainua uso.
"Tumbo halijui matanga. Haya, sahani!"

Kamera ilikuwa mkobani, zipu imefungwa.
Kwa hiyo tuna dakika moja na sekunde arobaini
zisizo na picha hata moja.
Filamuni tumeziweka juu ya weusi mtupu.
Mwenye fedha aliuliza kama watazamaji
hawatadhani mitambo imeharibika.
"Wadhani," alisema Jussara.

Mimi huzisikiliza nikikosa usingizi.
Hujaribu kuzihesabu zile pumzi,
moja moja, kabla ya tumbo la mtoto.
Kila usiku napata idadi nyingine.